Miguel Najdorf: bingwa wa sataranji aliyeitafuta familia yake

Wewe uliyerudi Gitega au Muyinga na bado unatafuta ndugu, msome Miguel Najdorf. Alizaliwa Poland mwaka 1910. Mwaka 1939 alikuwa Argentina na timu ya nchi yake ya sataranji vita vilipoanza. Hakuweza kurudi nyumbani. Akabaki huko, akapata uraia. Mwaka 1943 alicheza na watu 40 kwa mpigo bila kutazama ubao, na mwaka 1947, mjini São Paulo, na watu 45. Alitumaini sifa zake zifike kwa familia. Hakuna aliyejibu: mkewe, mtoto na wazazi wake walikuwa wameuawa. Mwaka 1950 akawa miongoni mwa magrandimasta 27 wa kwanza duniani. Alifariki mwaka 1997. Wewe usisubiri sifa: nenda Msalaba Mwekundu, huduma ya kutafuta ndugu ni bure.