Élie Metchnikoff, mtu aliyegundua askari wanaokula vidudu ndani ya mwili

Mkulima akichomwa na mwiba shambani, kesho yake kidole kinavimba, kinakuwa chekundu na chenye moto. Kisha usaha unatoka. Wengi wanafikiri ni mwiba wenyewe unaleta yote hayo. Kumbe ni mwili unapigana. Mtu aliyeonyesha vita hivyo ni Élie Metchnikoff, na yeye pia alianzia kwa mwiba.

Metchnikoff alizaliwa mwezi wa tano 1845 katika kijiji karibu na muji wa Kharkiv, katika inchi inayoitwa leo Ukraine. Kipindi kile ilitawaliwa na mfalme wa Urusi. Baba yake alikuwa ofisa wa jeshi, naye alikuwa kitinda mimba wa nyumba ya watoto 5. Tangu utoto alipenda wadudu na mimea. Kwenye chuo kikuu cha Kharkiv alimaliza kwa miaka 2 masomo ya miaka 4. Alipata diplome yake akiwa na miaka 19, na mbele ya kufika miaka 30 alikuwa tayari profesa wa elimu ya wanyama huko Odessa.

Ila nyumbani mambo hayakuwa mepesi. Mwaka wa 1869 alimuoa Ludmila, aliyekuwa na kifua kikuu. Siku ya ndoa bibi arusi alikuwa mzaifu sana, hata wakambeba juu ya kiti mpaka kanisani. Metchnikoff alimhangaikia miaka minne, akimpeleka kwenye hali ya hewa nzuri. Hakuna dawa iliyosaidia. Ludmila alifariki 1873 kwenye kisiwa cha Madeira. Mume wake alivunjika moyo, akajaribu kujiua, ila hakufa.

Mwaka wa 1875 alioa tena, akamchukua Olga. Mwaka wa 1880 Olga naye akaugua sana homa ya matumbo. Olga alipona, lakini bwana yake alikuwa amechoka na maisha. Mwaka wa 1881 akajidunga mwenyewe damu ya mgonjwa wa homa. Akaugua sana, karibu afe, na safari hii pia akapona. Tangu hapo watu walimwona amebadilika, akawa mtu wa kupenda maisha.

Mwaka wa 1882, kwa sababu ya fujo za kisiasa kwenye chuo kikuu, aliacha kazi. Akahamia Messina, muji wa pwani huko Italia, pamoja na bibi yake na wadogo wa bibi yake. Siku moja wote walitoka kwenda kutazama nyani waliofundishwa michezo. Yeye akabaki peke yake na mikroskopi, akiangalia watoto wachanga wa mnyama mdogo wa baharini mwenye umbo la nyota. Mwili wao ni mwangavu kama kioo, kila kitu ndani kinaonekana. Alikuwa anaziona chembe fulani zinatembea mule, ndipo wazo likamjia: labda hizo ni walinzi. Akaenda bustanini, akachuma miiba ya waridi, akaichoma ndani ya wale wanyama. Usiku ule usingizi ulimkosa. Asubuhi akakuta chembe zimeuzunguka mwiba pande zote, zikijaribu kuumeza.

Chembe hizo zikapewa jina la fagositi, maana yake chembe zinazokula. Zile kubwa zaidi aliziita makrofaji, yaani walaji wakubwa.

Wanganga wengi walimpinga. Wengine walisema ni maji ya damu yanayoua vidudu, siyo chembe. Wengine walifikiri chembe nyeupe zinabeba vidudu na kuvisambaza mwilini. Tena Metchnikoff hakuwa munganga, na huko Odessa jambo hilo lilimletea maadui. Mwaka wa 1888 Louis Pasteur akamkaribisha Paris, akampa nafasi ya kazi kwenye Institut Pasteur. Alitumika pale mpaka mwisho. Mwaka wa 1908 alipewa tuzo la Nobel pamoja na Mjerumani Paul Ehrlich, aliyetetea upande wa maji ya damu. Pande zote mbili zilikuwa na ukweli.

Uzeeni alisema maziwa ya mgando yanarefusha maisha, akawa anayanywa kila siku. Alifariki kwa ugonjwa wa moyo mwezi wa saba 1916 huko Paris, akiwa na miaka 71.

Nyuma ya kifo chake, wengine waliendeleza kazi. Leo inajulikana kwamba ndani ya uboho wa mifupa kunatengenezwa chembe ziitwazo monositi. Zinazunguka ndani ya damu siku chache tu. Mahali penye kidonda au vidudu, zinatoka ndani ya mishipa, zinaingia kwenye nyama ya mwili, zinakomaa na kuwa makrofaji. Kuna makrofaji zingine zinazokaa ndani ya ini au ubongo tangu mbele ya mtoto kuzaliwa. Zote zinameza vidudu, zinafagia chembe zilizokufa na kusaidia kidonda kupona.

Lakini askari naye anaweza kudanganywa. Kidudu cha kifua kikuu kikimezwa na makrofaji, mara nyingi hakifi. Kinajificha mule ndani, kinaishi miaka mingi, na siku mwili unapokosa nguvu, kinaamka. Virusi vya Ebola, ambavyo wakaaji wa Beni na Butembo wanavijua vizuri, vinashambulia makrofaji kati ya chembe za kwanza kabisa, kisha vinasambaa kupitia hizo. Hata ndani ya mishipa ya moyo, makrofaji zikimeza mafuta kupita kiasi zinasaidia kuziba njia ya damu. Kwa hiyo hata wale waliompinga Metchnikoff kwa kusema chembe zinabeba ugonjwa hawakukosea yote.

Kifua kikuu ndicho kilimnyang'anya Ludmila, na chembe alizozigundua Metchnikoff ndizo nyumba ya kidudu hicho. Ndiyo maana dawa zake hunywewa miezi mingi, hata kama kikohozi kimekwisha: kidudu kimejificha mahali pa ndani. Ludmila hakupata dawa hizo, kwa sababu hazikuwepo. Leo ziko. Mtu anayekohoa kupita wiki mbili aende kwenye kituo cha afya, na aliyeanza dawa asiziache katikati.