Mahjub bin Adam: Mwigizaji wa Dar es Salaam aliyefia kambini Ujerumani

MAHJUB bin Adam Mohamed alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1904, nchi ikiwa chini ya Wajerumani. Baba yake alikuwa askari wa wakoloni hao, na Vita vya Kwanza vya Dunia vilipozuka mwaka 1914, mtoto huyo wa miaka 10 naye akaingizwa jeshini.

Mwaka 1929, baada ya miaka kadhaa ya kazi melini, alifika Berlin kudai mishahara ambayo yeye na baba yake hawakulipwa. Serikali ilimjibu kuwa muda wa madai ulikuwa umepita.

Hakurejea nyumbani. Kwa jina la Bayume Mohamed Husen, alikuwa mhudumu katika jumba la starehe la Haus Vaterland, akafundisha Kiswahili chuoni, na Januari 1933 akamwoa Maria Schwandner, siku chache kabla ya Adolf Hitler kushika madaraka.

Wanazi walitamani kuyarejesha makoloni yaliyopotea vitani, na sinema ikawa chombo cha kuipamba tamaa hiyo. Kati ya mwaka 1934 na 1941, Husen aliigiza katika filamu zaidi ya 20, aghalabu kama mtumishi wa Wazungu. Mwafrika mtiifu alihitajika katika filamu, lakini nje yake hakuthaminiwa: Husen alipoomba nishani ya wapiganaji wa vita ile, alinyimwa.

Filamu yake ya mwisho, Carl Peters, ilitoka mwaka 1941. Ilimtukuza mkoloni aliyeongoza msafara wenye silaha kuufuata mto Tana mwaka 1889, na ambaye serikali ya Ujerumani yenyewe ilimfukuza kazi mwaka 1897 kwa sababu ya Waafrika aliowanyonga Kilimanjaro. Husen aliigiza kama Ramasan, mfuasi mwaminifu wa Peters.

Agosti mwaka huohuo, polisi wa siri walimkamata kwa kosa la kuwa na uhusiano na mwanamke Mjerumani. Bila kufikishwa mahakamani, alipelekwa katika kambi ya mateso ya Sachsenhausen, alikofariki dunia Novemba 24, 1944.

Mwaka 2007 jiwe dogo la kumbukumbu lenye jina lake liliwekwa mbele ya nyumba aliyoishi Berlin. Dola aliyoitumikia vitani na katika sinema haikumlipa deni lake, ilimlipa kifo.