MAISHA NA KAZI ZA MWANDISHI: GEORGE ORWELL (1903–1950)

George Orwell ni lakabu ya Eric Arthur Blair. Alizaliwa mwaka wa 1903 katika mji wa Motihari, India, babake akiwa afisa wa serikali ya kikoloni ya Uingereza. Baada ya masomo yake Eton, alijiunga na polisi wa kikoloni nchini Burma mnamo 1922. Miaka mitano baadaye aliiacha kazi hiyo ili awe mwandishi. Aliosha vyombo Paris na kulala katika malazi ya maskini jijini London. Tajriba hiyo ilizaa kitabu chake cha kwanza, Down and Out in Paris and London (1933). Riwaya yake ya kwanza, Burmese Days, ilitoka mwaka wa 1934.

Huenda unamjua Orwell kama mtunzi wa riwaya pekee. Fahamu kwamba aliandika pia kuhusu makazi, na kwamba kazi hizo hufafanua riwaya zake.

Mapema mwaka wa 1936, mchapishaji Victor Gollancz alimtuma kaskazini mwa Uingereza kuchunguza hali ya wafanyakazi. Alifika Wigan, Sheffield na Barnsley. Kwa muda alipanga juu ya duka la matumbo ya ng'ombe. Alishuka katika migodi ya makaa ya mawe, kisha akaingia nyumba moja baada ya nyingine akiwa na daftari. Alinakili idadi ya vyumba, kodi, watu waliolala humo, kuta zenye unyevu na umbali wa kwenda msalani. Uchunguzi huo ulizaa The Road to Wigan Pier (1937), ambamo sura nzima inahusu makazi.

Wakati huo halmashauri za miji zilikuwa zikibomoa mitaa ya mabanda na kujenga nyumba mpya. Orwell aliunga mkono ujenzi huo, kwa kuwa nyumba hizo zilikuwa na bafu na bustani. Hata hivyo, aliona kasoro. Kodi ilipanda, wakazi walihamishiwa mbali na mji, na maduka yalikuwa machache. Isitoshe, masharti yalikuwa mengi: wapangaji wengine walikatazwa kufuga kuku au njiwa. Swali lililomsumbua ni hili: je, mtu anaweza kupewa nyumba bora bila kupokonywa uhuru wake?

Sasa itazame Animal Farm (1945), ambayo huenda umeisoma kwa Kiswahili kama Shamba la Wanyama, tafsiri ya Fortunatus Kawegere. Baada ya mapinduzi, wanyama wanakubaliana kwamba hakuna atakayeishi katika nyumba ya mkulima. Baadaye nguruwe wanahamia humo na kulala vitandani, na amri inabadilishwa ili iwafae. Mwishoni, wanyama wengine wako nje wakichungulia dirishani. Je, unaona jinsi nyumba inavyoonyesha nani amekuwa bwana mpya?

Mswada wenyewe uliponea chupuchupu. Mwaka wa 1944 bomu la Wajerumani liliharibu makao ya Orwell jijini London, na mswada ukatolewa kwenye vifusi. Wachapishaji kadhaa, Gollancz akiwemo, waliukataa kabla haujachapishwa.

Riwaya yake ya mwisho, Nineteen Eighty-Four (1949), aliiandika kisiwani Jura, Scotland, akiugua. Mhusika mkuu, Winston Smith, anaishi katika jengo kuukuu ambamo lifti haifanyi kazi. Ukutani mna chombo kinachomtazama usiku na mchana. Ana paa juu ya kichwa, lakini hana faragha. Swali la mwaka wa 1936 limerudi, na safari hii jibu linatisha.

Orwell alifariki kwa kifua kikuu jijini London tarehe 21 Januari 1950, akiwa na umri wa miaka 46.

Katika mtihani, usiishie kutaja kwamba Orwell alipinga udikteta. Onyesha namna mandhari, hasa nyumba, yanavyojenga maudhui hayo.

Zoezi
1. Jadili umuhimu wa nyumba ya mkulima katika kuendeleza maudhui ya usaliti katika Shamba la Wanyama. (alama 20)
2. Eleza jinsi tajriba ya mwandishi inavyoweza kuathiri uteuzi wake wa mandhari. (alama 10)