Denis Burkitt: Daktari aliyeipa pumba heshima mezani

WAHADZABE wa Yaeda Chini, wilayani Mbulu, huchimba mizizi ya porini, huibabua kidogo juu ya moto, huitafuna na kuzitema nyuzi zilizoshindikana. Hula pia ubuyu, matunda ya mkole, asali na nyama ya windo. Katika miaka ya karibuni wanasayansi kutoka Ulaya na Marekani wamefunga safari hadi maeneo ya Ziwa Eyasi kuchunguza chakula hicho na bakteria wanaoishi katika matumbo ya wanaokila. Swali lililowaleta liliwahi kuulizwa miaka mingi kabla yao na daktari mpasuaji mwenye jicho moja, aliyefanya kazi nchi jirani ya Uganda. Huyo ni Denis Parsons Burkitt.

Burkitt alizaliwa Februari 28, 1911, Enniskillen, Ireland ya Kaskazini. Akiwa na umri wa miaka 11 alipoteza jicho moja katika ugomvi wa watoto waliorushiana mawe. Alianza kusomea uhandisi katika Chuo cha Trinity, Dublin, kisha akageukia udaktari. Wakati wa Vita Kuu ya Pili alihudumu katika jeshi la Uingereza, na ndipo alipoijua Afrika Mashariki kwa mara ya kwanza. Mwaka 1946 alirejea akiwa daktari wa serikali ya kikoloni Uganda, akaanzia Lira, kisha akahamia Hospitali ya Mulago, Kampala.

Jina lake lilijulikana kwanza kwa ugonjwa wa watoto. Mwaka 1957 alionyeshwa mtoto aliyevimba taya pande zote mbili, na muda si mrefu akamwona mwingine wa namna hiyo hiyo. Wengi wangeandika maelezo na kuendelea na kazi. Yeye alianza kuuliza ugonjwa huo unaonekana wapi na wapi hauonekani. Mwaka 1961, mwaka ule ule Tanganyika ilipopata Uhuru, yeye na madaktari wenzake wawili, Ted Williams na Clifford Nelson, walipanda gari lililokwisha kutumika na kusafiri kilometa zipatazo 16,000 kutoka Kampala hadi Afrika Kusini, wakipita hospitali kwa hospitali. Waligundua kuwa ugonjwa huo unafuata joto na mvua, kama malaria. Saratani hiyo hadi leo inaitwa limfoma ya Burkitt, na sampuli alizozipeleka London ziliwawezesha Anthony Epstein na wenzake kugundua, mwaka 1964, kirusi kinachohusishwa nayo.

Mtu mwingine angetosheka na heshima hiyo. Burkitt, baada ya kurudi Uingereza katikati ya miaka ya 1960, alikutana na hoja za Peter Cleave, daktari wa jeshi la majini, aliyeamini kuwa sukari na unga mweupe ndivyo chanzo cha maradhi mengi ya Wazungu. Burkitt alizipima hoja hizo kwa kumbukumbu zake za Mulago. Kwa nini kidole tumbo, kisukari na saratani ya utumbo mpana, mambo ya kila siku London, vilikuwa haba kwa wanakijiji wa Uganda?

Aliziandikia hospitali nyingi, hasa za misheni, kuomba takwimu. Kisha akafanya jambo ambalo wasomi wengi waliliona aibu: akapima choo. Yeye na wenzake waliwameza watu vipande vidogo vya plastiki na kuhesabu muda wa kutoka kwake. Kwa wanakijiji wa Uganda ilichukua kama siku moja na nusu. Kwa Waingereza ilichukua siku tatu au zaidi, na choo chao kilikuwa kidogo mno. Tofauti hiyo, alisema, ilitokana na nyuzinyuzi za chakula, yaani makapi ambayo viwanda huyaondoa na kuyafanya chakula cha mifugo.

Akishirikiana na Hugh Trowell, daktari mkongwe wa Uganda, alihariri mwaka 1975 kitabu kilichowalenga wataalamu. Mwaka 1979 alitoa kingine, Don't Forget Fibre in Your Diet, kilichoandikwa kwa ajili ya mtu wa kawaida jikoni. Watu wa Ulaya na Marekani wakaanza kununua mkate wa ngano isiyokobolewa na pumba ya kuchanganya katika uji.

Si kila alilosema lilisimama. Wakosoaji walionyesha kuwa alikipa kitu kimoja uzito wa mambo mengi, kwani wanakijiji wale walitofautiana na Waingereza pia kwa kazi za mwili, sukari na mafuta. Hata hivyo, mapitio makubwa yaliyochapishwa katika jarida la The Lancet mwaka 2019 yalionyesha kuwa walao nyuzinyuzi kwa wingi hupungukiwa na hatari ya maradhi ya moyo, kisukari na saratani ya utumbo mpana. Nao watafiti wa Wahadzabe walitangaza mwaka 2017 kuwa bakteria wa matumboni mwao hubadilika kwa majira, na wale wanaotoweka na kurudi ni wale ambao wakazi wa nchi za viwanda wamekwisha kuwapoteza kwa kiasi kikubwa.

Burkitt alifariki Machi 23, 1993, akiwa na umri wa miaka 82. Somo lake kuu alilipata Afrika, kwa watu waliokula mahindi, ndizi, viazi na maharage bila kujua kuwa wanafundisha. Leo mijini kwetu sembe nyeupe ndiyo alama ya maisha mazuri, na dona huonekana chakula cha shule za bweni na magereza. Kisukari nacho kimekwisha kubisha hodi katika nyumba nyingi. Ingekuwa hasara kubwa kama sisi tuliomfundisha Burkitt tungekuwa wa mwisho kumsikiliza.