Maisha ya Jemadari von Lettow-Vorbeck, na Kitabu Chake

Kila mwaka nifundishapo habari za Vita Kuu ya Kwanza, ile iliyopiganwa tangu 1914 hadi 1918, hapana budi mwanafunzi mmoja ananyosha mkono na kuniuliza ni nani aliyeshinda hapa kwetu. Humjibu kwamba Wajerumani walishindwa na nchi wakanyang'anywa. Lakini mara nyingi haridhiki na jibu langu, kwa kuwa amekwisha sikia mahali fulani kwamba alikuwako jemadari mmoja wa Kijerumani ambaye hakushindwa kamwe. Basi nimemwomba mhariri nafasi katika gazeti letu la muhula huu, ili niyaeleze maisha ya mtu huyo, na jinsi alivyoipata sifa hiyo.

Paul von Lettow-Vorbeck alizaliwa tarehe 20 Machi 1870, katika mji wa Saarlouis, Ujerumani. Baba yake alikuwa ofisa wa jeshi, na mtoto naye akalelewa kwa ajili ya jeshi. Mwaka 1900 alipelekwa Uchina pamoja na majeshi ya Ulaya yaliyokwenda kuwapiga Wachina waliowaasi wageni. Mwaka 1904 akapelekwa Afrika ya Kusini-Magharibi, ambayo leo ni Namibia, akatumika chini ya Jemadari von Trotha, yule aliyewaua Waherero kwa maelfu na kuwafukuzia jangwani. Huko aliumizwa jicho, akaenda kutibiwa Afrika ya Kusini. Yafaa tukumbuke jambo hili mapema: alipofika kwetu hakuwa mgeni wa vita vya Afrika.

Alishuka Dar es Salaam mwezi wa Januari 1914, awe mkuu wa jeshi la Serikali ya Kijerumani. Jeshi lenyewe halikuwa kubwa: Wajerumani wapatao 260 na askari Waafrika wapatao 2,500. Vita ilipoanza Ulaya mwezi wa Agosti, Gavana Heinrich Schnee alitaka nchi isiingie vitani. Von Lettow hakukubali. Alijua kwamba hawezi kuishinda Uingereza hapa, lakini alifikiri kwamba akiwasumbua Waingereza, watalazimika kuleta huku askari na silaha ambazo zingetumika Ulaya. Hiyo ndiyo iliyokuwa shabaha yake tangu siku ya kwanza hadi ya mwisho. Nchi hii na watu wake walikuwa uwanja tu wa kupigania shabaha hiyo.

Mwanzoni mwa Novemba 1914 Waingereza walileta Tanga askari wapatao 8,000 kutoka Bara Hindi. Von Lettow aliwasafirisha watu wake kwa gari la moshi kutoka upande wa Kilimanjaro, akapambana nao akiwa na watu wapatao 1,000 tu. Waingereza walishindwa vibaya. Hata nyuki walitoka katika mizinga yao wakawauma wapiganaji. Waingereza walirudi melini, wakaacha pwani bombomu 16, mamia ya bunduki na risasi mamia ya maelfu. Tangu siku hiyo jina la von Lettow likajulikana.

Mwaka 1916 Jemadari Smuts wa Afrika ya Kusini aliingia nchini na jeshi kubwa kwa upande wa Kilimanjaro, na Wabelgiji wakaingia kutoka Kongo. Mwezi wa Septemba mwaka huo Dar es Salaam ilitwaliwa, na Tabora vilevile. Von Lettow akarudi nyuma kuelekea kusini, akipiga na kuondoka. Mizinga ya manowari Königsberg, iliyozamishwa katika delta ya Rufiji mwaka 1915, ilitolewa majini ikakokotwa barabarani. Dawa ya homa ilitengenezwa Amani, viatu vikashonwa kwa ngozi za wanyama wa porini. Mwezi wa Oktoba 1917 alipigana Mahiwa, katika mkoa wa Lindi, siku nne mfululizo. Waingereza walipotewa na watu zaidi ya 2,000, kwa kufa na kujeruhiwa. Naye, ingawa watu aliowapoteza walikuwa wachache kuliko hao, hakuwa na wengine wa kujaza nafasi zao.

Mwezi uliofuata aliwaacha nyuma wagonjwa na majeruhi kwa mamia, akavuka Mto Ruvuma na kuingia katika nchi iliyotawaliwa na Wareno, yaani Msumbiji. Alizunguka huko karibu miezi kumi, akarudi kwetu, kisha akaingia Rhodesia ya Kaskazini, ambayo sasa ni Zambia. Huko ndiko alikopata habari kwamba vita imekwisha Ulaya. Tarehe 25 Novemba 1918, wiki mbili baada ya amani kutangazwa, aliweka silaha chini katika mji wa Abercorn, unaoitwa sasa Mbala. Alikuwa na Wajerumani 155 na askari 1,168, pamoja na wapagazi na wanawake waliowafuata.

Hapo ndipo vita ya bunduki ilipokwisha, na vita ya kalamu ikaanza.

Von Lettow alirudi Berlin mwezi wa Machi 1919, akapita mjini amepanda farasi huku watu wakimshangilia. Wajerumani walikuwa wameshindwa na kuaibika, wakaona fahari kumpata mmoja aliyerudi bila kushindwa. Mwaka 1920 alitoa vitabu viwili. Kimoja kilikuwa kumbukumbu zake za vita ya Afrika ya Mashariki, nacho kilitolewa kwa Kiingereza mwaka uleule. Cha pili, kilichoitwa Heia Safari, kiliandikwa kwa ajili ya vijana, kikapambwa kwa picha na ofisa wake mmoja aliyekuwa mchoraji. Hebu fikirini, ninyi mlio vijana: mtu anayetaka habari yake idumu huwasimulia watoto.

Kitabu hicho cha kumbukumbu nimekisoma. Kwa kweli kinavutia. Mwandishi hajisifu kwa maneno makubwa. Hueleza safari, mito, mvua, mahindi, risasi, na hila za adui. Maofisa wake huwataja kwa majina. Askari huwasifu kwa ushujaa na utii, kana kwamba wote walimfuata kwa mapenzi hadi mwisho. Wapagazi naye huwataja, lakini zaidi kama jambo la hesabu: wangapi wanahitajiwa, wangapi wamepungua, chakula chao kitatoka wapi. Na chakula hicho kilitoka katika ghala za wanavijiji.

Kwa nini kitabu cha mtu mmoja kiliaminiwa sana? Mimi naona sababu tatu.

Kwanza, kiliwafaa Wajerumani. Kwa mkataba wa Versailles wa mwaka 1919 Ujerumani ilinyang'anywa makoloni yake, na moja ya hoja zilizotolewa ni kwamba haikufaa kuwatawala watu. Habari ya askari waaminifu ikawa jibu lao: Waafrika wangewezaje kumfuata jemadari miaka minne kama walitawaliwa vibaya? Yule Gavana Schnee, ambaye zamani aligombana na von Lettow, naye mwaka 1924 aliandika kitabu cha kuutetea utawala wao.

Pili, kiliwafaa hata Waingereza. Jemadari aliyesumbuliwa miaka minne hupenda kusikia kwamba adui yake alikuwa fundi wa ajabu wa vita, kuliko kusikia kwamba yeye mwenyewe alikosea. Ndiyo sababu mwaka 1929 von Lettow alialikwa London, akala karamu pamoja na Smuts na maofisa waliompiga vita.

Tatu, na hii ndiyo inayotuhusu sisi, wale ambao wangeweza kusema vingine hawakuandika. Miongoni mwa Wajerumani wenyewe alikuwako daktari wa jeshi hilo, Ludwig Deppe, aliyeandika mwaka 1919 na kukiri kwamba nyuma yao waliacha mashamba yaliyoharibiwa na njaa. Kitabu chake hakikupata sifa kama cha mkubwa wake. Wapagazi na wanavijiji hawakuandika kabisa.

Na hao walikuwa wengi mno. Yakadiriwa kwamba Waafrika waliochukuliwa na Waingereza na wenzao kubeba mizigo walikaribia milioni moja, na waliokufa, hasa kwa magonjwa, njaa na uchovu, walifika 95,000 au zaidi. Jina la Kariakoo, mjini Dar es Salaam, latokana na jeshi hilo la wapagazi. Upande wa Wajerumani wapagazi walikufa vilevile, wala hesabu yao haikutunzwa. Askari nao hawakuwa wote kama kitabu kisemavyo. Wengi walitoroka katika miaka ya mwisho. Katika Ugogo, ambako majeshi yote yalipita yakichukua nafaka na ng'ombe, ilitokea njaa iliyoitwa Mtunya, na watu wapatao 30,000 wakafa. Huku kusini watu walikuwa hawajapona majeraha ya Maji Maji ya 1905 hadi 1907, majeshi yakaja tena. Wahenga walisema, wapiganapo fahali wawili nyasi ndizo ziumiazo. Na nyasi haziandiki vitabu.

Nitasema habari moja ya kwetu. Babu yangu alikuwa mzaliwa wa upande wa Masasi. Alikuwa mtoto mdogo baba yake alipochukuliwa kubeba mzigo, mwaka ule wa vita ya Mahiwa. Hakurudi. Mama yake alichimba ming'oko porini ili watoto wasife. Babu hakujua ni jeshi gani lililomchukua baba yake. Alijua kwamba walikuja watu wenye bunduki wakati wa mavuno, wakawafunga wanaume kamba. Hakuna kaburi, wala mshahara, wala karatasi. Nilipokuwa kijana nilimsikia akiyasimulia hayo mara nyingi, nikaona ni maneno ya wazee tu, sikuandika hata moja. Siku hizi najua idadi ya bombomu zilizoachwa Tanga, lakini sijui jina la kijiji alikochukuliwa babu wa baba yangu, kwa maana aliyekuwa akilijua amekwisha fariki. Kosa hilo ni langu, wala silisingizii jemadari.

Lakini turudi katika maisha yake. Mwaka 1920 aliwaunga mkono waliojaribu kuipindua Serikali ya Ujerumani, akaondolewa jeshini. Alikuwa mbunge tangu 1928 hadi 1930. Wanawe wawili waliuawa katika Vita Kuu ya Pili, naye baada ya vita hiyo akawa maskini hata Smuts, adui wake wa zamani, akamsaidia. Mwaka 1953 alifika tena Dar es Salaam, na baadhi ya askari wake waliobaki hai wakampokea kwa furaha. Mwaka 1957 alitoa kitabu kingine cha maisha yake. Alifariki Hamburg tarehe 9 Machi 1964, akiwa amebakiza siku chache kutimiza miaka 94. Waziri wa Ulinzi wa Ujerumani ya Magharibi aliyemsifu mazishini alikuwa amezaliwa Gare, huko Usambara.

Mwaka uleule Serikali ya Ujerumani ya Magharibi ilikubali kuwalipa wale askari wa zamani mishahara yao. Husimuliwa kwamba waliofika Mwanza wengi hawakuwa na vyeti, wakapewa fagio badala ya bunduki na kuamriwa kwa Kijerumani, na hakuna aliyekosea. Ni hadithi nzuri, na kila mtu huipenda. Lakini tazameni: hata hadithi hiyo ni ya askari. Mpagazi angeshika nini ili kuthibitisha kwamba alibeba mzigo?

Sisemi kwamba von Lettow alikuwa mwongo. Alikuwa hodari, mvumilivu, aliyejua kazi yake. Na mtu anayetaka kuijua vita ile hana budi kukisoma kitabu chake. Lakini jemadari huandika aliyoyaona jemadari. Katika Ujerumani yenyewe kambi na mitaa kadha wa kadha ilipewa jina lake, hata mnyama wa kale ambaye mifupa yake ilichimbwa Tendaguru, Lindi, alipewa jina lake mwaka 1919. Miaka ya karibuni baadhi ya miji ya huko imebadili majina ya mitaa hiyo, kwa sababu wanahistoria wameuliza juu ya wale wasiotajwa.

Basi, wanafunzi wangu, likizo i karibu. Wazee waliozaliwa na wale waliouona wakati wa Wadachi wamebaki wachache, na hata wajukuu wao wanazeeka. Nendeni mkawaulize: nani alichukuliwa, wapi, na jeshi gani, na nani alibaki kulima. Andikeni jina la msimulizi, jina la kijiji na tarehe ya mazungumzo. Msipambe, wala msiongeze. Wazazi mtakaosoma gazeti hili, nawaomba muwasaidie watoto wenu katika kazi hiyo. Mtakayoyaleta tutayaweka katika daftari moja ndani ya maktaba ya shule, kando ya kitabu cha jemadari, ili atakayekisoma kimoja asome na cha pili.

Mwalimu wa Historia