BILLY SUNDAY, MCHEZAJI ALIYEGEUKA MHUBIRI

Sisi hapa Lubondja tukisikia neno mupira tunafikiri ule wa miguu tu. Kumbe Marekani wana mwingine, unaitwa besiboli. Mmoja anarusha mupira mdogo mgumu, mwingine anaupiga kwa gongo, kiisha anakimbia kuzunguka vituo vinne. Mbali kule nyuma, kwenye majani, wanasimama watu watatu wa kudaka mipira inayoruka. Billy Sunday alikuwa mmoja wao, katika miaka ya mwanzo ya wachezaji kulipwa mushahara.

Alizaliwa tarehe 19 Novemba 1862 katika jimbo la Iowa. Baba yake alikuwa askari, akafa kwa ugonjwa juma tano tu baadaye, bila kumwona mtoto. Umaskini ulipozidi, mama alimpeleka yeye na kaka yake katika nyumba ya yatima wa askari. Hapo alipata masomo na kazi ya utaratibu, akajua pia kwamba ana mbio.

Mwaka 1883 timu ya Chicago ilimchukua kwa ajili ya mbio hizo. Mchezo wa kwanza ulikuwa aibu: mara nne alishika gongo, mara nne akatolewa bila kufika hata kituo cha kwanza. Lakini hakukata tamaa. Alicheza miaka nane: Chicago, Pittsburgh, kiisha Philadelphia. Kupiga hakuwa hodari sana, lakini miguu! Besiboli ina kitu kinaitwa kuiba kituo, ndiyo kusema kukimbilia kituo cha mbele wakati adui hajajiweka tayari. Mwaka 1890 aliiba 84. Wizi usio na kesi!

Angali Chicago, siku moja alikuwa na wenzake wa pombe, akasikia watu wa misioni wakiimba barabarani nyimbo za mama yake. Akawafuata, akarudi tena na tena, mwisho akaokoka. Mwaka 1888 alimwoa Helen Thompson.

Sasa jaribu likaja. Mwaka 1891 walimwahidi dolari 3.500 kwa mwaka ili aendelee kucheza. YMCA, chama cha Kikristo cha vijana, kilikuwa na dolari 83 tu kwa mwezi, hazifiki 1.000 kwa mwaka. Akachagua zile 83.

Mwaka 1896 alianza mikutano yake mwenyewe, na mwaka 1903 Kanisa la Presbiteri lilimwekea mikono. Alihubiri bila mikro, akirukaruka kama yuko uwanjani. New York, mwaka 1917, alihubiri juma kumi. Alipiga vita pombe mpaka sheria ya kuikataza ikapita mwaka 1919; lakini ilifutwa mwaka 1933.

Tusifiche mabaya. Alikuwa tajiri, watu wakanung'unika. Kule Atlanta, mwaka 1917, Weusi walifanyiwa mikutano yao peke yao, mbali na Wazungu, naye alikubali. Hata wana wake waliishi katika ulevi ule aliokuwa akiukemea. Alikufa Chicago tarehe 6 Novemba 1935, na miaka 72.

Basi wenzetu, mtu mmoja aliweza kuacha dolari nyingi, lakini hakuweza kuacha desturi mbaya ya inchi yake. Kila mmoja wetu ajiulize: mimi nimeacha nini, na nini bado nimeshika?