Abushiri bin Salim na Mipaka ya Uongozi wa Vita katika Mrima, 1888–1889

Jina la Abushiri bin Salim al-Harthi limezoeleka kiasi cha vita vya Mrima dhidi ya Wajerumani kuitwa kwa jina lake. Mazoea hayo yanaficha suala la msingi. Abushiri hakuwa na cheo cha serikali wala jeshi la kudumu. Aliongoza wapiganaji waliokusanyika kwa makubaliano, na nguvu yake ilidumu kadiri makubaliano hayo yalivyodumu.

Alitoka katika ukoo wa Harthi, uliokuwa na uhasama wa muda mrefu na masultani wa Zanzibar. Baada ya kushiriki biashara ya misafara ya bara, alimiliki shamba la miwa karibu na Pangani, lililotegemea kazi ya watumwa.

Aprili 1888, Sultani Khalifa aliikabidhi Kampuni ya Kijerumani ya Afrika Mashariki usimamizi wa pwani. Kampuni ilipoanza kutawala mwezi Agosti, maofisa wake waliwadharau wenyeji na kuingilia ushuru, ardhi na mamlaka ya majumbe. Pangani iliasi, na Abushiri akajitokeza kuwa kiongozi. Septemba 1888 wapiganaji wake waliishambulia Bagamoyo, na Januari 1889 misheni ya Wabenedikto ya Pugu iliangamizwa. Wamisionari watatu waliuawa. Waliotekwa waliachiliwa baadaye kwa fidia.

Ujerumani ilimtuma Hermann von Wissmann na kikosi cha askari ambao wengi wao walikuwa Wasudani waliopatikana Misri, pamoja na wengine kutoka Msumbiji. Tarehe 8 Mei 1889 kikosi hicho kiliteka boma la Abushiri karibu na Bagamoyo. Mwenyewe aliponyoka, akaelekea bara na kukishambulia kituo cha kampuni cha Mpwapwa.

Akiwa amepungukiwa na wafuasi wa pwani, aliwaita Wambunga, ambao watu wa pwani waliwaita Mafiti. Hapo ndipo penye kiini cha kushindwa kwake. Wapiganaji hao waliiteka nyara nchi ya Wazaramo, yaani bara ya Dar es Salaam na Bagamoyo, eneo ambalo leo limegawanyika kati ya wilaya kama Kibaha na Kisarawe, na ambamo Gwata imo. Wakulima waliotarajiwa kumpa chakula na hifadhi wakawa wahanga wa vita vyake. Oktoba 1889 Wambunga walishindwa Yombo. Abushiri alikimbia kuelekea kaskazini, akasalitiwa, akanyongwa Pangani tarehe 15 Desemba 1889.

Kumwita shujaa wa taifa ni kumpa lengo ambalo wakati wake halikuwapo. Kumwita mtetezi wa utumwa tu ni kuwasahau majumbe, wapagazi na wakulima waliokuwa na sababu zao za kupigana. Maisha yake yanaonyesha kwamba chuki dhidi ya mvamizi ilitosha kuanzisha muungano, lakini haikutosha kuudumisha pale walioungana walipoanza kuporana.